Albamu Bila Tajiri

Chama chetu cha Kiswahili kimenipa kurasa mwaka huu ili nieleze jambo, si nitunge shairi wala hadithi, na jambo nililolichagua ni muziki. Najua wapo watakaosema, "Ah! Muziki tena? Huo tunaujua." Hebu ngojeni kidogo. Kuusikiliza mnaujua, tena wengine mnausikiliza hata wakati wa prepu. Ninachotaka kueleza ni vile wimbo unavyotoka kinywani mwa mtu ukawa mali, na mali hiyo inakuwa ya nani.

Tuanze na neno lenyewe. Albamu ni mkusanyiko wa nyimbo, aghalabu kumi hivi au zaidi, zilizopangwa zitoke pamoja kwa jina moja na jalada moja. Zamani ilikuwa sahani ya santuri, ikaja kaseti, ikaja CD, na leo nyingi hazishikiki kwa mkono, zimo ndani ya simu tu. Albamu ya studio ni ile iliyorekodiwa studioni, si ile iliyonaswa jukwaani watu wakipiga makofi na vigelegele. Na albamu huru ni ile ambayo wanamuziki wameitoa wenyewe bila kampuni ya kurekodi kuwasimamia. Hapa Kiswahili kinatuchezea shere kidogo: ukisema bendi "imejitolea albamu" mtu anaweza kudhani imefanya kazi ya bure ya kujenga kanisa. Na kusema kweli, miezi ya kwanza huwa ni hivyo hivyo.

Kwa kawaida nyuma ya albamu kuna kampuni ya kurekodi. Huyo ndiye tajiri. Tajiri hulipa studio, humlipa fundi wa mitambo na prodyuza, hutengeneza jalada, hupeleka nyimbo redioni na kuzisambaza madukani au mtandaoni. Mwanamuziki yeye huja na sauti yake na gitaa lake. Badala ya gharama hizo kampuni huchukua kile ambacho watu wa studio hukiita masta, yaani rekodi mama ambayo nakala zote hutolewa kwayo. Anayemiliki masta ni kama mwenye shamba la chai. Wewe unaweza kuwa mchumaji hodari kuwashinda wote, jioni unapimiwa kilo zako na kulipwa, lakini shamba si lako, na siku ukiugua shamba linaendelea kuchumwa.

Nchi yetu imeyaona hayo zamani. Kati ya miaka ya 1960 na 1980 Nairobi ilikuwa na kampuni za wenyeji na za kigeni, zikiwemo PolyGram na EMI, na mwanamuziki wa Kisii, Kisumu au Taita aliyetaka kurekodi alipanda basi akaenda huko. Kisha kaseti zikaenea. Mtu yeyote mwenye redio ya mikanda miwili aliweza kutoa nakala usiku kucha na kuziuza asubuhi stendi, na nyingi za kampuni kubwa zikafunga virago.

Mfano ambao hata bibi zetu wanaujua ni "Malaika". Fadhili William, mzaliwa wa Taita, aliurekodi mwanzoni mwa miaka ya 1960. Miriam Makeba wa Afrika Kusini akauimba ukavuka bahari, na mwaka 1981 kundi la Boney M. huko Ujerumani likauimba pia. Mpaka Fadhili William anafariki mwaka 2001, ubishi wa nani aliutunga na nani alistahili mrabaha ulikuwa haujakwisha. Wengine nao walidai wimbo ni wao, akiwemo Adam Salim. (Mrabaha ni yale malipo madogo madogo anayopata mwenye kazi kila kazi yake inapotumiwa.) Fikiria, wimbo unaimbwa na dunia nzima na nyumbani bado watu wanabishana ni wa nani! Mahali kama hapo ni karatasi inayosema. Sauti tamu haisaidii kitu.

Lakini si kwamba wote walikaa wakingoja tajiri. Joseph Kamaru, mwimbaji mashuhuri wa Kikuyu aliyefariki mwaka 2018, alikuwa na duka lake mwenyewe la muziki jijini Nairobi, City Sounds. Kwa hivyo mtu asije akatuambia ati kujitegemea katika muziki ni jambo la juzi lililoletwa na simu.

Sasa tuje kwa albamu ambayo ndiyo iliyonifanya niandike. Ni *Live and Die in Afrika* ya Sauti Sol, iliyotoka mwezi wa Novemba mwaka 2015. Sauti Sol ni watoto wa shule kama sisi, au walikuwa. Watatu kati yao, Bien-Aimé Baraza, Willis Chimano na Delvin Mudigi, walijuana wakiwa Shule ya Upili ya Upper Hill, Nairobi, wakiimba katika kundi la Voices in the Light. Baada ya shule wakakutana na mpiga gitaa Polycarp Otieno katika ukumbi wa Alliance Française. Mwaka 2005 kundi likaanza kazi. Mwanzoni hawakuwa huru. Albamu mbili za kwanza, *Mwanzo* ya mwaka 2008 na *Sol Filosofia* ya mwaka 2011, zilitolewa na kampuni ya Penya Africa. Ni kampuni iliyowalea, na hilo tusilisahau tunaposifu uhuru. Ndege hafunzwi kuruka akiwa hewani.

Baadaye wakatoka na kuanzisha kampuni yao, Sauti Sol Entertainment, na hiyo ndiyo iliyotoa albamu ya tatu. Tazama walivyoipanga. Hawakuanza na albamu. Waliachia nyimbo moja moja kwanza: "Nishike" na "Sura Yako" mwaka 2014, kisha "Nerea" mwaka 2015 wakiwa na Amos na Josh. Novemba 2014 wakashinda tuzo ya MTV ya Ulaya kama wasanii bora wa Afrika. Julai 2015 rais wa Marekani, Barack Obama, alipozuru Kenya, walimtumbuiza kwenye karamu ya Ikulu, na dunia ikamwona akicheza lipala kwa "Sura Yako". Albamu ilipotoka miezi minne baadaye, watu walikuwa tayari wanaimba sehemu yake kwa moyo. Mwenye matatu huhakikisha abiria wako stendi ndipo aondoe gari.

Kisha wakafanya jambo lililowashangaza wengi. Kwa muda mfupi albamu hiyo waliitoa bure kwenye tovuti yao. Bure kabisa! Kazi waliyoigharamia wenyewe, bila tajiri wa kuwarudishia hata senti.

Mimi nililifikiria jambo hili sana na nadhani maelezo yake ni haya. Nchi hii mtu hulipa polepole sana kwa wimbo, ikiwa atalipa. Nyimbo hupitishwa kwa flashi, kwa bluetooth, kwa kijana wa kibanda anayekujazia nyimbo mia kwa bei ya mandazi. Bendi ikijaribu kuuza nakala, inashindana na mwizi, na mwizi hana gharama za studio. Lakini kuna kitu ambacho mwizi hawezi kunakili, nacho ni bendi yenyewe ikiwa jukwaani. Tiketi ya tamasha haiwekwi kwenye flashi. Basi ukiwapa watu nyimbo, wakazishika, watakuja kuziimba pamoja nawe na mlangoni watalipa. Kampuni ya kawaida ambayo riziki yake ni kuuza rekodi haingekubali mpango huo kwa urahisi. Waliweza kuamua hivyo kwa sababu masta ilikuwa yao. Hiyo ndiyo maana hasa ya kuitoa mwenyewe: kuwa na neno la mwisho juu ya kazi yako, hata likiwa neno ambalo wengine wanaliona la kichaa.

Natahadharisha hapo. Bure ya Sauti Sol si bure ya kila mtu. Wao walikuwa na jina tayari. Mtu asiyejulikana hata Nyansiongo akigawa nyimbo zake bure, hakuna anayeshangaa, na pengine hakuna anayezichukua.

Kabla yao walikuwepo Just A Band, na hawa ndio ninaowapenda zaidi, ingawa darasani kwetu wanaowajua hawafiki watano. Ni vijana waliokutana Chuo Kikuu cha Kenyatta: Bill Sellanga ambaye watu humwita Blinky Bill, Daniel Muli, Mbithi Masya na Jim Chuchu. Muziki wao ni wa kompyuta na vinanda vya umeme, wa kuchezeka lakini wenye utani na mafikira, na kwa redio za wakati ule haukuwa rahisi kuupa jina. Kampuni gani ingeweka pesa hapo? Wakaitoa albamu yao ya kwanza wenyewe mwaka 2008, wakaiita *Scratch to Reveal*, maneno yale yale tuliyoyazoea kwenye kadi za simu za kukwangua. Mwaka 2009 wakatoa ya pili, *82*, na mwaka 2012 ya tatu, *Sorry for the Delay*.

Siri yao ilikuwa kwamba walijua kazi nyingi. Hawa hawakuwa waimbaji tu. Walijua kuchora, kupiga picha, kuhariri filamu. Video ya "Iwinyo Piny", wimbo wenye jina la Kidholuo, ilikuwa ya vikaragosi vya kuchorwa. Machi 2010 wakatoa video ya "Ha-He" kutoka albamu ya *82*, iliyoongozwa na Chuchu na Masya, na ndani yake kuna shujaa mmoja mwenye nywele timtim na kitambaa kichwani anayewatandika wahuni. Jina lake Makmende. Jina hilo lilikuwa la utani wa watoto wa Nairobi wa miaka ya 1990: ukijifanya jeuri uliulizwa kama wewe ndiwe Makmende. Inasemekana lilitokana na maneno ya mwigizaji Clint Eastwood katika filamu ya mwaka 1983, yaliyopotoka yalipofika masikioni mwa watoto wetu. Wakenya mtandaoni wakaanza kutunga vichekesho juu ya Makmende, siku si nyingi magazeti na televisheni za Marekani zikawa zinauliza huyu Makmende ni nani. Tangazo kama hilo tajiri angelilipia mamilioni. Wao walilipata kwa akili na kamera.

Kwa hivyo mtu akikuambia albamu huru haina gharama, mkatalie. Gharama ipo pale pale, ila imebadilika sura. Ama unatoa pesa, ama unatoa ujuzi, ama unatoa usingizi wako.

Hebu sasa tupige hesabu, maana wapo wanaodhani nasifu uhuru kwa sababu ya ushairi tu. Nambari hizi ni za mfano, si bei ya studio yoyote. Tuseme albamu ya nyimbo kumi inagharimu shilingi 100,000 kwa jumla, na kampuni inalipa yote. Mkataba unasema msanii atapata asilimia 15 ya mapato, kampuni 85. Haya. Lakini kuna sentensi nyingine chini inayosema gharama zitarudishwa kutoka fungu la msanii. Wengi hawaisomi sentensi hiyo au wanaisoma bila kuielewa. Maana yake ni kwamba ile 100,000 inakatwa kwenye asilimia 15 yako, si kwenye jumla. Chukua 100,000 ugawe kwa 0.15. Utapata kama 666,667. Yaani albamu lazima iingize shilingi 666,667 ndipo deni lako liishe na wewe uanze kupata shilingi yako ya kwanza. Siku hiyo kampuni imeshapata fungu lake la 566,667 pamoja na kurudishiwa gharama zake zote. Wewe uko sufuri, na masta bado ni yao.

Ukiitoa mwenyewe, deni linaisha mapato yakifika 100,000. Tofauti ni kubwa mno. Lakini nisiwe wakili wa upande mmoja. Hiyo 100,000 ya kwanza itatoka wapi? Mwana wa mkulima wa chai hawezi kumwambia baba yake auze ng'ombe kwa ajili ya vinanda, atafukuzwa yeye aachwe ng'ombe. Na bila kampuni ya kuzitangaza, nyimbo zako huenda zisifike 100,000 hata miaka kumi. Asilimia 15 ya kitu kikubwa inaweza kushinda asilimia mia ya hewa. Kwa hivyo swali si "kampuni ni mbaya?" Swali ni unatoa nini, kwa muda gani, na unapata nini badala yake.

Swali hilo limetufikia sisi hapa Ikonge mwaka huu. Vijana wanne wa kidato cha tatu, ambao sitawataja, huimba kwa Ekegusii na Kiswahili. Mmoja anapiga obokano aliyofundishwa na babu yake. Kwa msomaji asiye wa huku, obokano ni zeze kubwa la Abagusii la nyuzi nane, sauti yake nzito inavuma kama gari linalopanda mlima kwa mbali. Bwana mmoja aliwasikia harusini, akawafuata sokoni, akawaambia atawarekodia nyimbo nne bila malipo na kuwapigia video juu yake. "Mimi nitawatoa," aliwaambia. Sharti lake la kwanza likawa obokano iondolewe, kinanda kitoshe, ati obokano inaharibu sauti ya chini. Kisha akawapa karatasi ya kutia sahihi.

Karatasi hiyo iliandikwa kwa Kiingereza cha mahakamani, ukurasa mmoja na nusu. Vijana wakaileta kwa chama cha Kiswahili tuwatafsirie, na nadhani hiyo ndiyo kazi yenye maana zaidi tuliyowahi kufanya kuliko mijadala yote. Sentensi ya nne, tulipoiweka kwa Kiswahili, ilisema kwamba waimbaji wanamhamishia haki zote za nyimbo hizo na za rekodi zake, katika nchi zote, kwa muda wote wa hakimiliki. Chumba kilinyamaza. Kwa Kiingereza ilikuwa imepita kama maji.

"Muda wote wa hakimiliki" ni mpaka lini? Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 inalinda utungo wa muziki maisha yote ya mtunzi na miaka 50 baada ya kifo chake. Mtunzi wao ana miaka 17. Mungu akimjalia kufika 70, ni miaka 53 kutoka sasa, ongeza 50, jumla 103. Kwa nyimbo nne na video moja. Wajukuu zake wangekuta wimbo wa babu yao ni mali ya ukoo wa mtu mwingine.

Sheria hiyo hiyo inatufunza mambo mengine ambayo inafaa kila mwanafunzi anayepiga kinubi au ngoma ayajue. Wimbo mmoja una mali mbili. Ipo mali ya utungo, yaani maneno na tuni, na ipo mali ya rekodi, yaani ile sauti iliyonaswa siku ile studioni. "Malaika" ni utungo mmoja lakini rekodi zake ni nyingi, na kila rekodi ina mwenyewe. Rekodi hulindwa miaka 50 kuanzia mwisho wa mwaka iliporekodiwa. Mtu anaweza kukulipia studio kwa haki akawa mwenye rekodi, na wewe ukabaki mwenye utungo. Yule bwana alitaka zote mbili. Pia, kuhamisha hakimiliki lazima kuwe kwa maandishi yenye sahihi. Maneno ya mdomo sokoni hayahamishi kitu, na ndiyo maana karatasi huletwa upesi upesi na kalamu ikiwa imefunguliwa. Tena, mtu chini ya miaka 18 bado ni mtoto machoni pa sheria na kwa kawaida mkataba wake haumfungi kama wa mtu mzima, kwa hivyo mwenye nia safi hutafuta mzazi kwanza. Yule bwana hakumtafuta mzazi yeyote.

Hakimiliki yenyewe huzaliwa siku wimbo unapoandikwa au kurekodiwa. Huhitaji kuinunua. Lakini ni busara kuisajili kazi kwa Bodi ya Hakimiliki ya Kenya, KECOBO, ili ukiwa na kesi uwe na ushahidi wenye tarehe. Mwenye daftari la zamani lenye maneno ya wimbo na tarehe naye asilitupe. Na nyimbo za jadi tunazoimba kwenye tamasha za muziki ni jambo jingine kabisa. Ukirekodi wimbo wa bibi zetu, rekodi ni yako, lakini usijiandike mtunzi. Utakuwa umeiba kwa jamii nzima.

Mtu atauliza, sasa hao vijana wataitoaje kazi yao wenyewe kutoka Ikonge? Njia ipo, na si ya albamu nzima mara moja. Wimbo mmoja kwanza, kama walivyofanya Sauti Sol. Fanya mazoezi mpaka uweze kuuimba usingizini, maana studio ndogo nyingi hutoza kwa wimbo au kwa saa, na saa ya kutafuta ufunguo wa kuimbia ni pesa inayoungua. Siku ya kurekodi fika mapema, kwa sababu stima ikipotea, na wakati wa mvua stima ya huku ina tabia zake, zamu yako inaliwa na giza. Sauti zikishanaswa kila moja peke yake, fundi huzichanganya ili moja isimeze nyingine, kisha huisawazisha kazi nzima isikike vizuri kwenye simu ya bei nafuu na kwenye spika za harusi pia. Muulize prodyuza mapema kuhusu biti. Ni yake au yako? Ameiuza kwa mwingine? Mwambie aandike jibu. Ondoka na faili kamili, si nakala ya kusikiliza tu, na uiweke mahali pawili, kwa sababu flashi hupotea kama kalamu za kidato cha kwanza. Kisha wapo wasambazaji wa mtandaoni wanaopeleka wimbo kwenye majukwaa ya kusikilizia duniani kote, na redio za Ekegusii kama Egesa hupenda sauti mpya ya nyumbani.

Ipo pia milio ya simu ya Skiza. Marekebisho ya sheria ya mwaka 2022 yaliweka kwamba katika mapato ya milio hiyo, asilimia isiyopungua 52 ni ya msanii au mwenye hakimiliki, 39.5 ya kampuni ya simu na 8.5 ya yule wakala wa kati. Wasanii walishangilia, na walikuwa na haki. Lakini soma tena: msanii *au mwenye hakimiliki*. Ukiwa umetia sahihi sentensi ya nne, hizo 52 zinampigia mtu mwingine simu.

Kwa upande mwingine, hakuna haja ya kufanya uhuru kuwa dini. Mwaka 2020 Sauti Sol walitoa *Midnight Train* chini ya Universal, kampuni kubwa ya kimataifa. Je, waliusaliti uhuru? Mimi sioni hivyo. Walikaa mezani na tajiri wakiwa na jina na kampuni yao, na mtu wa namna hiyo hazungumzi kama mtu asiye na kitu. Mwaka 2023 wakatangaza mapumziko kila mmoja afanye yake. Just A Band nao waligeukia kazi nyingine: Chuchu na Masya katika filamu, ambapo Masya aliongoza *Kati Kati* ya mwaka 2016, naye Blinky Bill akatoa albamu yake peke yake mwaka 2018. Bendi hufika mwisho kama vile vidato vinavyofika mwisho. Ndiyo maana ile karatasi ya ndani, ya wao kwa wao, ina uzito kuliko ile ya tajiri, na ndiyo ambayo marafiki huona haya kuiandika.

Vijana wetu wameiandika, baada ya jioni mbili za kelele katika chumba cha chama. Karatasi ya yule bwana wazazi wameikataa. Katika ile yao wenyewe, utungo umegawanywa kati ya wawili walioandika maneno na tuni, na rekodi ni robo robo kwa wote wanne. Wamepatana kwamba atakayeondoka kundini ataendelea kupata robo yake ya nyimbo alizorekodi, wala hatapata kitu kwa zile zitakazokuja baada yake. Pesa za wimbo wa kwanza wanazitafuta kwa kuchuma chai likizo ya Agosti. Obokano itakuwemo. Mpiga obokano amedai aongezwe nauli, kwa kuwa makondakta humtoza kiti cha pili kwa ajili ya chombo chake, na dai hilo ndilo pekee ambalo halijaamuliwa.